Walinyang'anywa Majina, Wakabaki na Ngoma: Historia ya Mziki Uliotufanya Tuwe Sisi

Leo wadau tunaweka pembeni kidogo habari za nani kaachana na nani. Umbea wa leo una zaidi ya miaka mia moja, na wahusika wake wengi hatuwataji majina. Safari hii siyo kwa sababu tunaogopa kushtakiwa. Ni kwamba majina yao hayakuandikwa popote.

Hebu tuanze na kitu unachokijua. Harusi yoyote ya Dar, Tanga, Unguja au Mombasa, DJ anaweza kupiga nyimbo za Lagos na Johannesburg saa mbili nzima, watu wanacheza huku wamenyanyua simu. Halafu anaingiza mdundo wa nyumbani, ule wa kiunoni. Simu zinarudi kwenye pochi. Shangazi aliyekuwa analalamika magoti anasimama. Bibi harusi anasahau kuwa amevaa gauni la kukodi. Hakuna anayemfundisha mwenzake pale, mwili wenyewe unajua pa kwenda.

Sasa swali: nani aliufundisha mwili huo? Na kwa nini huo mdundo bado upo, wakati vitu vingi vya babu na bibi vimekufa kimyakimya?

Wengi tungejibu haraka kwamba wazee walihifadhi utamaduni. Lakini ukiifuata historia vizuri unakuta kitu kingine. Huu mziki umetufikia kwa sababu kuna watu waliuhitaji sana, tena watu ambao hawakuwa na kitu kingine cha kuonyesha wao ni nani. Twende nao mmoja mmoja.

Unguja 1897: uko huru, lakini wewe ni nani?

Mwaka 1897, chini ya Waingereza, ilitolewa amri kule Zanzibar kwamba utumwa hautambuliki tena kisheria. Inasikika vizuri, eti? Soma masharti sasa. Mtumwa hakuamka asubuhi akawa huru. Alitakiwa aende mahakamani mwenyewe akaombe, na aonyeshe ana mahali pa kuishi na njia ya kujitafutia riziki. Fidia nayo ilikwenda kwa bwana wake. Masuria ndio waliachwa nje kabisa, ikabidi wasubiri hadi 1909.

Basi fikiria mtu ameletwa Unguja akiwa mtoto, ametolewa huko kwa Wayao, Wamakua, Wazigua au watu wa Ziwa Nyasa. Lugha ya kwao inaanza kumtoka. Ukoo haujui. Hata jina analoitwa amepewa na aliyemnunua. Mahakama inamwambia nenda, uko huru. Aende wapi, na aseme yeye ni mtu wa wapi?

Maelfu walivuka wakaenda kuishi Ng'ambo, upande wa pili wa mji, mbali na majumba ya mawe. Kitu cha kwanza walichobadilisha ni nguo. Merikani na kaniki zilikuwa nguo za mtumwa, wanawake wakaanza kuvaa kanga zenye rangi na maua. Cha pili kilikuwa ngoma.

Pale Ng'ambo walikutana watu wa makabila ambayo huko kwao yasingekutana kamwe. Kila mmoja alikuja na kipande chake, huyu anajua wimbo wa kumcheza mwali, yule anajua ngoma ndefu ya kusimama. Wakaunganisha. Unyago wa Unguja ulikua kutokana na mchanganyiko huo. Msichana aliyechezwa alitoka ndani akiwa na somo wake, yaani yule mama aliyemfunda, akiwa na wenzake waliochezwa pamoja, na akiwa na nyimbo ambazo mtu wa nje hazijui. Tayari ana watu. Akiugua kuna wa kumuuguza, akiolewa kuna wa kumsindikiza, akifa kuna wa kumwosha.

Ndiyo maana tunasema ngoma ilikuwa kitambulisho chao. Serikali ilikuwa na makaratasi yake, na wao walikuwa na ngozi ya mbuzi na kijiti.

Mtumwa akawa Siti

Wakati huohuo upande wa kasri kulikuwa na mziki wa aina nyingine. Inasimuliwa kwamba Sultani Barghash, aliyetawala kati ya 1870 na 1888, alipenda sana mziki wa Misri hadi akamtuma kijana aitwaye Mohamed Ibrahim kwenda Cairo kujifunza kanuni, kile chombo chenye nyuzi nyingi kinachochezwa kikiwa kimelazwa. Mwaka 1905 kikaanzishwa kikundi cha Ikhwani Safaa, ambacho kipo hadi leo. Udi, kanuni, nai, fidla. Nyimbo za Kiarabu, wasikilizaji wamekaa wametulia na kanzu zao safi. Kama ulizaliwa shamba, pale hukuwa na kiti.

Sasa anaingia mwanamke mmoja kutoka Fumba. Huyu jina lake tunalijua, na lenyewe ni historia nzima. Alizaliwa karibu na 1880 kwa wazazi waliotoka kwenye utumwa, akaitwa Mtumwa binti Saad. Familia ilikuwa ya wafinyanzi, naye alikuwa anatembeza vyungu mjini. Karibu na 1911 akahamia mjini, akajifunza kuimba na wapigaji wa taarab, na mji ukambadilisha jina ukamwita Siti, yaani bibi wa heshima. Kutoka Mtumwa hadi Siti, mtu mmoja, maisha mamoja!

Alichofanya Siti ni kuutoa ule mziki wa kasri na kuupeleka nao Ng'ambo. Akauimba kwa Kiswahili, kwa maneno ya watu aliokulia nao. Vyombo ni vilevile vya wakubwa, ila habari ni za mtaani: hakimu anayependelea, mume asiyeeleweka, mjanja aliyetapeli. Kuna wimbo wake maarufu wa Kijiti, unaohusu kisa cha kweli cha mwanamke mgeni aliyeuawa Unguja. Mtuhumiwa akakimbilia bara, na wanawake waliokuwa wenyeji wa marehemu ndio wakaishia kuadhibiwa. Leo kisa kama hicho tungekisoma kwenye mtandao tukaanzisha hashitagi. Wakati ule kilifika kwa watu kupitia sauti ya Siti.

Mwaka 1928 yeye na wenzake walisafiri hadi Bombay wakarekodi santuri kwa Kiswahili. Walikuwa wa mwanzo kabisa Afrika Mashariki kufanya hivyo. Sahani zile zikasambaa mwambao mzima na kuingia bara. Na usidhani hakuwa na maadui, bana. Wapo waliomsema kwa sura yake na kwa asili yake ya shamba, naye akawajibu kwa wimbo. Mipasho hamkuianzisha nyie. Siti alifariki 1950, na Shaaban Robert akaandika wasifu wake.

Angalia lakini hao waliokuwa wanakaa uani kumsikiliza. Mchukuzi wa bandarini, mwuza maji, mama wa vyungu. Kwa mara ya kwanza mtu wa namna hiyo anasikia habari ya mtaa wake ikitoka kwenye santuri, kwa lugha yake. Na sahani ile inachezwa kwake na inachezwa pia kwenye jumba la mawe. Ukitaka kujua ni lini mtoto wa mtumwa alianza kujiona mtu wa Unguja kama wengine, sikiliza pale.

Miaka mingi baadaye nyimbo za Siti zilikuwa bado zinaimbwa na Bi Kidude, yule bibi wa sigara aliyejifunga ngoma kiunoni. Fatuma binti Baraka alikuwa mwimbaji wa taarab na pia mchezaji wa unyago, yaani ngoma ya kasri na ngoma ya uani zilikutana ndani ya mtu mmoja. Mwaka 2005 alipata tuzo kubwa ya kimataifa ya WOMEX, na alifariki tarehe 17 Aprili 2013. Dunia ilimpigia makofi kama nyota. Mabinti aliowacheza mwali walimjua kama somo.

Lugha imepotea, ngoma imebaki

Unaweza kusema hao walikuwa karibu na kwao, bahari tu ndogo katikati. Basi tuvuke bahari kubwa.

Kule Gujarat, magharibi mwa India, wapo watu wanaoitwa Sidi. Wazee wao walitoka Afrika kwa vizazi mbalimbali, wengine kama watumwa, wengine mabaharia na askari. Leo wanaongea Kigujarati, wanakula vyakula vya kule, ni Wahindi kwa kila karatasi. Lakini kwenye ziara ya mtakatifu wao Bava Gor, huko Ratanpur, wanapiga ngoma na kucheza, na mchezo wenyewe wanauita goma. Huhitaji kuwa profesa kujua neno hilo limetoka wapi. Wana chombo cha uzi mmoja kiitwacho malunga, upinde wenye kibuyu, na wana ngoma ndefu ya kusimama. Kwenye nyimbo zao yamebaki maneno ya Kiafrika ambayo waimbaji wenyewe hawajui tena maana yake.

Tafakari hapo kidogo. Maana imepotea, lakini neno linaimbwa. Kwa nini mtu aendelee kuimba neno asilolielewa? Kwa sababu likitoka kwenye wimbo, hakuna kingine kitakachomwambia mtoto wake kwamba wao walitoka mahali fulani.

Upande wa Ghuba nako, Oman, Emirates, Bahrain na Kuwait, kuna mchezo uitwao liwa. Zumari, ngoma kubwa, watu wanazunguka taratibu halafu kasi inapanda. Nyimbo zake zina maneno ya Kiswahili ndani. Mtu wa Lamu au Pemba akiona video yake anakaa kimya kwanza, kisha anamwita mama yake aje aone. Na baada ya Mapinduzi ya 1964 Wazanzibari wengine wakaishia Oman na taarab yao, kwa hiyo Muscat leo unaweza kusikia Kiswahili cha harusini kama uko Malindi ya Unguja.

Beni: bifu lililovuka mipaka

Turudi nyumbani. Kama unafikiri timu na mashabiki kugombana ni mambo ya Instagram, kaa chini nikupe habari ya beni.

Beni ilianza mwambao wa Kenya, Mombasa na Lamu, mwishoni mwa miaka ya 1800. Watu walitazama bendi za kijeshi za wazungu, na neno lenyewe beni ni hilohilo bendi, wakachukua tarumbeta, ngoma kubwa na sare, wakachanganya na mashindano ya mitaa ambayo tayari yalikuwepo. Vikundi vilikuwa viwiviwili, kila kimoja na mpinzani wake. Vilivyovuma zaidi ni Marini na Arinoti. Marini walijiona watu wa mjini, wastaarabu. Arinoti walikuwa wa watu wa chini, wageni, wachapakazi. Kila upande ulikuwa na vyeo vyake: mfalme, gavana, daktari, jenerali. Wakati wa mkoloni, kuli wa bandarini siku ya Jumapili alikuwa jenerali.

Kisha ikaja Vita ya Kwanza ya Dunia. Wanaume wa Afrika Mashariki walichukuliwa kwa maelfu mengi kubeba mizigo ya majeshi, wengi wakafa kwa njaa na magonjwa. Jina la kikosi cha wapagazi cha Waingereza ndilo lilituachia Kariakoo ya Dar na Kariokor ya Nairobi. Hao wapagazi na askari ndio waliobeba beni. Vita ilipoisha walirudi nayo makwao, ikafika Malawi, Zambia na hadi Kongo. Malawi ina michezo ya mganda na malipenga hadi sasa, ni watoto wa beni hao.

Na usifikiri ilikuwa kucheza tu. Mtu aliyefika mji mgeni alitafuta beni yake kwanza. Ikimkubali, anapata pa kulala, anapata wa kumchangia akiugua, na akifa ugenini hazikwi kama mbwa. Maofisa wa kikoloni waliitilia shaka beni, walihisi kuna njama. Kwa kiasi fulani walikuwa sahihi kuogopa: mtu aliyeitwa kwa namba kwenye daftari la wapagazi, kumbe kwa wenzake ana cheo, ana sare na ana jina.

Kina mama walioingiza nchi kwenye siasa wakiwa wanacheza

Wanawake nao walikuwa na ngoma zao, na hapa lelemama ndiyo habari ya mjini. Mombasa kulikuwa na vyama vikubwa vya lelemama kama Ibinaal Watan na Banu Saada, na bifu lao lilikuwa la kweli. Kushindana nguo, kushindana karamu, kutungiana nyimbo za mafumbo hadi mtu anajificha ndani wiki nzima. Kiongozi wa lelemama alikuwa anajua kukusanya michango, kuita watu na kutunza siri. Ujuzi huo haukupotea. Miaka ya 1950 lelemama ilipoanza kufifia Mombasa, baadhi ya wanawake walewale wakahamia kwenye jumuiya za wanawake wa Kiislamu zilizopigania elimu ya wasichana.

Dar es Salaam ndiyo walifanya makubwa zaidi. TANU ilianzishwa Julai 1954, na mwanzoni ilikuwa chama cha wanaume wanaozungumza mambo ya wanaume. Mwaka 1955 akaletwa Bibi Titi Mohamed kuongoza wanawake. Alikuwa nani kabla ya hapo? Mwimbaji kiongozi wa kikundi cha ngoma. Hakuwa na ofisi wala gari. Alichokuwa nacho ni kujua viongozi wa ngoma wa kila mtaa wa Dar. Akawaendea hao, nao wakaleta vikundi vyao. Ndani ya miezi michache wanawake wa TANU walihesabika kwa maelfu, wakati wanaume wengi walikuwa bado wanaogopa kupoteza kazi za serikali wakionekana na kadi.

Na vile vikundi vilikuwa havina ukabila. Mzaramo, Mmanyema, Mngoni, Mmakonde, wote walivaa kanga pea moja na kuimba Kiswahili. Kabla Tanganyika haijawa nchi, kina mama hao walikuwa tayari wanaishi kama watu wa nchi moja, uani kwao. Bibi Titi tunamkumbuka, ana barabara yake mjini. Wale viongozi wa ngoma wa Ilala, Gerezani na Temeke, hakuna anayejua hata walizikwa wapi.

Serikali nayo ikaja na mpango wake

Tarehe 10 Desemba 1962, Mwalimu Nyerere akihutubia Bunge siku ya Jamhuri alisema jambo ambalo liliwachoma wasomi wengi. Aliuliza, kwa maneno yake, kwa nini tumejifunza kucheza rumba na chachacha na dansi za kizungu, wakati wengi hatujawahi hata kusikia ngoma za kwetu kama gombe sugu au kiduo. Siku hiyo akatangaza wizara ya utamaduni wa taifa na vijana.

Mazuri yalitokea, tusibanie. Radio Tanzania ilizunguka mikoani ikarekodi ngoma na nyimbo nyingi ambazo bila hivyo zingezikwa na wenyewe. Mgogo mmoja aliyekulia akichunga ng'ombe Dodoma, Hukwe Zawose, akaitwa Dar, na zeze lake na ilimba zikamfikisha kwenye majukwaa ya Ulaya na hadi kurekodi kwenye lebo ya Peter Gabriel. Chuo cha Sanaa Bagamoyo kikaanza 1981 na bado kinafundisha.

Lakini kuna kitu kilitokea njiani. Ngoma iliyokuwa inachezwa usiku kucha ikapunguzwa kuwa dakika saba. Ngoma ya kumtoa mwali ikachezwa uwanja wa ndege kumpokea mgeni rasmi. Wachezaji wakashonewa sare za mkoa. Ni nzuri kuitazama, hilo sikatai. Ila aliyekuwa mshiriki akageuka mtazamaji, na mgeni rasmi hawezi kucheza kwa niaba ya mwali.

Tofauti hiyo ni muhimu tukitaka kuelewa kwa nini ngoma nyingine zimekufa japo zilipewa bajeti, na nyingine ziko hai japo zilikuwa zinakimbizwa na polisi.

"Mnaharibu mziki!" Kila kizazi kimeambiwa hivyo

Siti aliambiwa taarab ya Kiswahili ni ya washamba. Beni iliitwa uigaji na fujo. Halafu miaka ya 1990 taarab ikaingia kinanda na gitaa la besi, watu wakaacha kukaa kwenye viti wakasimama kucheza. Rusha roho! TOT na Muungano wakawa na vita vya mipasho, Khadija Kopa upande huu na Nasma Khamis upande ule, na ukumbini mtu anakwenda kumtunza mwimbaji noti huku anamwangalia mbaya wake aliyekaa meza ya pili. Wazee wa kanuni na udi walishika vichwa. Lakini hebu pima: vikundi viwili, mafumbo, sare, mashabiki wa mitaa. Ni lelemama hiyohiyo, imewekewa umeme.

Miaka hiyohiyo uswahilini Dar vijana walikuwa wanafanya yao. Ngoma za Wazaramo kama mdundiko, ile inayotembea barabarani na kuondoka na watoto wa watu hadi wanapotea mtaa wa pili, zilikutana na kinanda kidogo cha Casio na spika za kupayukia. Ikazaliwa mchiriku. Jagwa Music walianza 1992, na miaka ishirini baadaye albamu yao ilitolewa na lebo ya Ubelgiji, Ulaya ikawa inaruka. Hapa nyumbani mchiriku uliitwa mziki wa wahuni.

Kisha singeli. Manzese, Tandale, Mburahati. Vijana walichukua vipande vya mziki wa taarab, wakavizungusha na kuvikimbiza hadi mapigo mia mbili na zaidi kwa dakika, juu yake mtu anachana habari za mtaa: kodi ya nyumba, bodaboda, mama ntilie, demu aliyemkimbia. Mwaka 2017 lebo ya Nyege Nyege ya Uganda ikatoa mkusanyiko wa studio ya Sisso, na singeli ikaanza kualikwa kwenye matamasha ya Ulaya. Ndipo na sisi tukaanza kusema kwa majivuno "ni mziki wetu".

Sasa unganisha mwenyewe. Kanuni ya Barghash ikaenda kwa Siti, Siti akaenda kwa Bi Kidude, taarab ikaenda kwenye kinanda, kinanda kikaenda Manzese. Hapo katikati hakuna aliyepewa kazi ya kuhifadhi. Kila mmoja aliuchukua mziki aliourithi akausemesha shida zake. Kijana wa Tandale anayeitwa mhuni leo amekaa palepale alipokaa mama wa vyungu wa Fumba mwaka 1911.

Kinachoweza kupotea kweli

Msinielewe vibaya nikaonekana nasema kila kitu kiko salama. Hakiko salama.

Mdundo unajitunza, kwa sababu watu bado wanaoa na bado wanacheza. Maneno ndiyo yanaondoka. Nyimbo za unyago zina mafundisho ndani yake, kuhusu mwili, ndoa, heshima na ujanja wa kuishi na watu. Zinajulikana na makungwi na masomo ambao wengi sasa ni wazee sana. Hizi hazifai kurushwa mtandaoni, kwa sababu ni siri ya waliochezwa. Njia yake ya kuhifadhiwa ni moja tu, binti akae chini afundwe. Akikataa kwa kuona ni ushamba, wimbo unaenda na bibi.

Kupiga kanuni nako si kazi ya wiki mbili. Zanzibar kuna chuo cha mziki wa nchi za jahazi kilichoanza mwanzoni mwa miaka ya 2000, kinafundisha vyombo hivyo kwa vijana, na mara kadhaa kimehangaika na pesa. Harusi moja ya mjini ingeweza kulipa kikundi kizima jioni moja badala ya spika tu.

Na kuna suala la jasho la watu. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 ina sehemu inayozungumzia sanaa za jadi, kwamba si mali ya kuokota tu. Lakini prodyuza akikata kipande cha wimbo wa bibi wa Lindi akakiweka kwenye biti, wimbo ukapata watazamaji milioni, bibi anabaki na kanga yake ileile. Hata jina lake kwenye maelezo ya video halipo. Hapo tunarudia kosa la zamani, tunachukua sauti na kumwacha mtu.

Kwa hiyo kazi ya wiki hii, na siyo ngumu. Mpigie simu bibi, shangazi au jirani yoyote aliyewahi kucheza ngoma. Muulize mambo matatu: mlikuwa mnachezaje, kikundi chenu kiliitwaje, na nani alikuwa anaongoza kuimba. Mrekodi kama ameridhia. Kisha uandike hilo jina la kiongozi mahali, hata kwenye simu yako.

Historia hii yote niliyokusimulia ina majina machache tu, na maelfu wengine ni "mwanamke mmoja", "mpagazi mmoja", "kijana wa mtaani". Walicheza ili wajulikane ni watu. Tunaweza angalau kuwapata wachache kabla simu zao hazijaacha kupokelewa.

Haya, uwanja ni wenu. Kwenu ngoma inaitwaje, na nani aliyekuwa anaimbisha? Tupe jina hapo chini kwenye komenti, na usiniandikie "bibi yangu" peke yake. Bibi ana jina.